Televisheni ya Ireland mwaka 1962: yanayosemwa na yaliyokuwa

"Kabla ya 1962 watu wa Ireland hawakuijua televisheni."

Waliijua vizuri sana. Kituo cha taifa, Telefís Éireann, kilikwenda hewani usiku wa mkesha wa mwaka mpya, 31 Desemba 1961, hivyo 1962 ndio mwaka wake wa kwanza kamili. Lakini antena zilishajaa kwenye mapaa ya Dublin na pwani ya mashariki kabla ya hapo. BBC ilianza kurusha picha kutoka Belfast, upande wa kaskazini ulio chini ya Uingereza, mwaka 1953, wakati wa kutawazwa kwa Malkia Elizabeth II, na Oktoba 1959 kikafuata kituo cha biashara cha Ulster Television. Mawimbi hayaulizi pasipoti. Serikali ya Dublin ilikuwa inamfukuzia jirani aliyekwisha kuingia sebuleni, na asiyelijua hilo hawezi kuelewa mengi ya mwaka ule. Hata mitambo inashuhudia: kituo kilirusha picha kwa mfumo wa Kiingereza wa mistari 405 katika kila picha, ili wale waliokwisha nunua seti za Kiingereza wasiachwe nje, na pia kwa mfumo mpya zaidi wa mistari 625. Gharama mara mbili, kwa sababu ya jirani.

"Kilikuwa BBC ndogo, kisichogusa biashara."

Hapa ndipo wengi wanapopotea. Kilikuwa shirika la umma, ndiyo, na wenye seti walilipa leseni. Ila tangu mwanzo kilitegemea pia matangazo ya biashara, jambo ambalo BBC haikulifanya nyumbani. Serikali haikutaka mzigo wa kukilisha, na kabla ya sheria ya utangazaji ya mwaka 1960 ilifikiriwa kwa dhati kuikabidhi televisheni nzima kwa mwekezaji binafsi. Miongoni mwa walioomba kuiendesha ilikuwa Gael Linn, taasisi ya kukuza lugha ya Kiairishi. Mkurugenzi mkuu wa kwanza, Edward Roth, alitoka Marekani, na vipindi vingi vya mwanzo vilinunuliwa hukohuko kwa kuwa ni rahisi kununua kipindi kuliko kukitengeneza. Sheria hiyohiyo ya 1960, katika kifungu chake cha 31, ilimpa waziri uwezo wa kukizuia kituo kutangaza jambo fulani. Uhuru wenye kamba mguuni, kwa maoni yangu, na kamba hiyo ilivutwa kwelikweli miaka ya sabini.

Jina RTÉ, ambalo kituo hiki kinajulikana nalo leo? Lilikuja 1966. Anayeandika "RTÉ ya 1962" amewahi miaka minne.

"Rais de Valera aliilaani televisheni siku ya kuifungua."

Aliiogopa, na alisema hivyo waziwazi. Aliilinganisha na nguvu za atomiki: inaweza kuleta manufaa makubwa, inaweza kuleta madhara yasiyorekebishika. Nusu ya pili ndiyo inayonukuliwa kila mara, ya kwanza inaachwa. Alikuwa na miaka 79 na macho yake yalikuwa karibu yameshazima; aliyezindua enzi ya picha hakuweza kuziona sawasawa.

"Kipindi cha mazungumzo The Late Late Show kilibuniwa ili kuibadilisha nchi."

Kilibuniwa kujaza ratiba ya kiangazi. Kilianza 6 Julai 1962, kikiongozwa na Gay Byrne, kijana wa miaka 27 aliyekuwa akifanya kazi pia katika kituo cha Granada, Manchester. Hakuna aliyetazamia kwamba angedumu nacho hadi mwaka 1999. Ugomvi maarufu na askofu wa Clonfert, kuhusu mama aliyeulizwa kipindini rangi ya nguo yake ya kulalia usiku wa harusi, wengi huusogeza nyuma hadi siku za mwanzo. Ulikuwa wa Februari 1966. Mwaka 1962 kipindi kilikuwa bado kinatafuta miguu yake. Na wale wanaokiita kipindi cha mazungumzo kikongwe kuliko vyote duniani wanaisahau The Tonight Show ya Marekani, iliyoanza 1954 na bado iko hewani.

"Nchi nzima iliona usiku wa kwanza."

Mnara wa mwanzo ulikuwa Kippure, kwenye milima ya Wicklow, kusini mwa Dublin. Sehemu kubwa ya magharibi na kusini ilisubiri minara mingine ijengwe.