Je, wajua kwa nini sura bandia ya filamu huishi siku moja tu?

Kwenye filamu ya Marekani ya mwaka 1973, The Exorcist, yumo kasisi mzee mwenye ngozi ya shingo inayoning'inia na mikono inayotetemeka. Kwa miaka mingi nilimhesabu kuwa mzee kweli. Kumbe mwigizaji huyo, Max von Sydow, alizaliwa Aprili 1929, na alipoigiza hakuwa hata ametimiza miaka 45. Uzee wote ule ulitoka mikononi mwa fundi aliyeitwa Dick Smith.

Nilipogundua hilo, nikarukia kosa kubwa zaidi: basi alivaa kinyago. Nilijenga picha kichwani ya sura moja ya mpira iliyotundikwa msumarini. Asubuhi mwigizaji anaivaa, jioni anaivua, kesho tena. Nimekuta wengi wanaamini hivyohivyo, na si ajabu, maana tunasema “amevaa sura”, na kilichovaliwa si kinavulika? Vinyago vya namna hiyo vipo kweli, ila aghalabu huachiwa watu wanaoonekana kwa mbali. Kwenye Planet of the Apes ya mwaka 1968, waigizaji wakuu walibandikwa nyuso za sokwe kwa gundi, huku wa nyuma kabisa wakivalishwa vinyago tu. Uso utakaosogelewa na kamera hubandikwa vipande, na mara nyingi vipande hivyo havirudi kazini kesho yake.

Kisa ni ukingo.

Chukua karatasi nyeupe, kata kipande kwa mkasi, kisha ukibandike juu ya karatasi nyingine nyeupe ileile. Rangi hazitofautiani hata chembe, lakini jicho linauona mpaka papo hapo. Linachokiona ni kivuli. Unene wa karatasi umefanya kidaraja, na mwanga ukipiga kwa ubavuni kidaraja kinatupa mstari mweusi. Sasa weka mkasi pembeni, chana kipande kingine kwa mkono, polepole, ukikivuta. Nyuzi zinachomoza, ukingo unazidi kukonda mpaka unaishia. Kibandike, ukisugue kwa kidole, halafu utafute mpaka uko wapi. Kidaraja kimegeuka mteremko, na mteremko hauna pa kutupia kivuli.

Kibandiko cha usoni hufuata kanuni hiyohiyo. Puani au kidevuni kinaweza kuwa kinene kama kidole, lakini kikielekea pembeni hukonda hadi kuwa utando tu. Kwa vibandiko vingi vya silikoni, utando huo ni wa plastiki laini inayoyeyuka kwa asetoni au spiriti. Fundi huchovya kijiti chenye pamba, akakipitisha ukingoni, na utando ukalainika na kuyeyukia kwenye ngozi ya mwigizaji. Kwa macho yangu hapa ndipo penye uchawi wenyewe, na hufanywa kwa kijiti cha kusafishia masikio.

Ila ukingo ukishayeyuka, basi. Jioni kibandiko kikibanduliwa, kinachobaki ni kipande kinene kisicho na mteremko. Ukikirudisha kesho umebandika karatasi ya mkasi. Kwa hiyo mwigizaji wa siku 40 za kupiga picha huhitaji seti kama 40, na za akiba juu yake. Hii si sheria ya chuma: kipande ambacho kingo zake zinafichwa na wigi au kola kinaweza kurudiwa, na fundi mzuri hujua kuvikarabati vingine.

Ndiyo maana msanii huyu tunayemdhania ana brashi mkononi kutwa nzima, sehemu kubwa ya maisha yake hupita karakanani. Humpaka mwigizaji uji uleule wa daktari wa meno, ule wa kuchukulia nakala ya meno, apate kichwa chake cha plasta. Juu ya kichwa hicho huchonga makunyanzi kwa udongo, akatoa kalibu, akamimina silikoni, au povu la mpira ambalo huokwa kwenye tanuri. Chembe moja ya uchafu ikikaa kwenye midomo ya kalibu, kalibu haifungi barabara, ukingo unatoka mnene, na kipande kizima ni cha kutupwa.

Dick Smith ndiye aliyeonyesha wazi faida ya kugawa uso. Kwenye filamu ya mwaka 1970, alipomzeesha Dustin Hoffman hadi miaka 121, alibandika vipande vingi vya povu vinavyopandana, kila kimoja kikifuata misuli ya mahali pake, badala ya sura moja inayovutwa yote mtu akitabasamu. Wenzake wa zamani hawakuipenda mbinu hiyo. Msaidizi wake kwenye filamu ya yule kasisi, Rick Baker, ndiye aliyekuja kuchukua Oscar ya kwanza ya kitengo cha mekapu, mwaka 1982, na kufikisha saba.

Kubandua nako kunaweza kula saa nzima. Brashi yenye kiyeyusha gundi huingizwa chini ya ukingo, kidogo kidogo, ngozi isichubuke. Kisha mwigizaji ananawa uso na kwenda zake, na pua iliyoshinda mbele ya kamera kutwa nzima inatumbukizwa kwenye pipa la taka.