Je, wajua? Ule moshi kwenye tambi za Penang hautoki kwenye mkaa

Ukifika George Town, makao makuu ya jimbo la Penang kule Malaysia, alafu ukalipia yale matembezi ya jioni ambayo mwenyeji anawazungusha mitaani mnakula kidogo kidogo banda hadi banda, kuna sehemu moja mtasimama muda mrefu kuliko zote. Ni kwenye banda la char koay teow, tambi bapa za mchele zinazokaangwa kwenye karai. Sisi tulikua watu 8, tukaagiza sahani 4 tugawane, na yule mzee mpishi (kule mpishi wa mtaani anaitwa "uncle" hata kama hamjuani, mama naye "aunty") alikua na foleni ndefu mbele yake na bado anakaanga sahani moja, anamimina, anakwangua karai, anaanza nyingine. Moja. Na karai lenyewe ni kubwa, ukiliangalia tu unaona linabeba chakula cha watu 6 bila shida.

Sasa swali ni hilo: kwa nini asipike zote 4 kwa mpigo?

Mi nilikua na jibu langu tayari, na niliwahi kulitoa mbele za watu kwa kujiamini kabisa. Nilisema ile ladha ya moshi inayofanya watu wapange foleni inatoka kwenye mkaa, na mpishi anapika kidogo kidogo ili kila tambi ipate zamu yake ya kuguswa na moshi. Linasikika vizuri eti. Mabanda yanayotumia mkaa bado yapo, la Siam Road limejulikana mno kwa hilo, na picha ya mzee anayepepea mkaa inakaa kichwani. Shida ni kwamba jibu hilo halikubaliani hata na kitu unachokiona kwa macho ukisimama pale.

Angalia vizuri. Mkaa uko chini. Juu yake kuna karai la chuma lisilo na tundu hata moja, na chakula kiko ndani ya karai. Huo moshi wa mkaa unapitia wapi? Ukitaka kufika kwenye tambi inabidi uzunguke ukingo wa karai, upande juu, alafu ushuke tena ndani, wakati hewa ya moto ikishapanda inaendelea kupanda tu.

Alafu kuna hili la pili ambalo sisi tuliokulia kwenye majiko ya mkaa tulipaswa kulijua kabla ya mtu yeyote. Mkaa mzuri hautoi moshi mwingi! Ndio sababu tunaununua badala ya kuni. Kwenye tanuri kule porini kuni zilishafukuzwa karibu kila kitu kinachofanya moshi, maji yakaenda, mafuta na lami za mti zikaenda, kilichobaki kwa sehemu kubwa ni kaboni ambayo ikiwaka inatoa joto na gesi zisizo na harufu. Mkaa ukifuka moshi mzito ujue haukuiva au umelowa. Kwaiyo kusema ladha ya moshi inatoka kwenye mkaa uliokolea ni kama kusema utamu wa chai unatoka kwenye kikombe.

"Mbona nyama choma inanukia moshi na imechomwa kwa mkaa?" Swali zuri, na ndilo lililonifungulia mlango. Tega macho kwenye jiko la nyama choma: moshi unafuka pale tone la mafuta linapodondoka kwenye kaa. Tsss, wingu dogo linapanda, linagusa nyama, linaganda pale. Ule moshi ni mafuta ya mbuzi mwenyewe yaliyoungua yakarudi kwake. Ukichoma nyama isiyo na mafuta juu ya mkaa huohuo harufu inapungua sana. Sasa chukua hilo wazo upeleke Penang, ila badala ya mafuta kudondoka chini kwenye moto, mpishi anayarusha juu yaufuate moto.

Kabla sijafika huko niseme kidogo chakula chenyewe ni nini. Jina ni la Kihokkien, lugha ya Wachina wengi wa Penang waliotokea mkoa wa Fujian: char ni kukaanga, koay teow ni vipande virefu vya keki ya mchele, yaani tambi bapa nyeupe laini. Humo wanatia kamba, kombe wadogo wa baharini, choroko zilizochipua, yai, majani yanayofanana na ya kitunguu saumu, pilipili ya kusaga, sosi ya soya, na kwa mabanda ya Wachina soseji ya Kichina na mafuta ya nguruwe. Msomaji Muislamu hilo la mwisho ulizia mapema kabla hujakaa. Wapishi wa Kimalei wana toleo lao la halali, mara nyingi lina rojo zaidi. Kilianza kama chakula cha vibarua, cha bei ndogo na kinachoshibisha. 

Ile ladha yenyewe ina jina. Wakantoni, Wachina wa kusini, wanaiita wok hei, pumzi ya karai. Nilivyoisikia mara ya kwanza nilidhani ni maneno ya kishairi tu ya kuvutia watalii, kumbe kuna kitu halisi kinatokea ndani ya karai, na ukishakielewa foleni yote unaiona kwa jicho jingine.

Adui wa mpishi huyu ni maji. Tambi mbichi za mchele zaidi ya nusu ya uzito wake ni maji, choroko zilizochipua ni kama asilimia 90 maji, kamba na kombe nao wanatoa maji yao. Na maji yana tabia moja ngumu: yakifika nyuzi 100 yanakataa kupanda zaidi mpaka yageuke mvuke, na kule kugeuka kunakula joto vibaya sana. Gramu moja ya maji kuitoa nyuzi 0 hadi 100 unahitaji kama jouli 420 (jouli ni kipimo cha nishati). Hiyohiyo gramu kuigeuza mvuke unahitaji kama jouli 2,260, zaidi ya mara 5! Umewahi kuwasha kuni mbichi? Moto unao, kiberiti unacho, lakini ukuni unalia tu na kutoa povu mwishoni, hauwaki, kwa sababu joto lote linaishia kukausha maji kwanza. Karai lililojaa tambi za watu 4 ni ukuni mbichi.

Au tuchukue chipsi. Muuza chipsi anayejua kazi yake hajazi karai hadi juu hata kama wateja wamejaa, kwa sababu akimwaga viazi vingi kwa mara moja mafuta yanapoa, viazi vinaanza kuchemka badala ya kukaangika, unaletewa chipsi zimelegea zimekunywa mafuta. Kila mtu amewahi kuzila hizo. Kwa koay teow ni vilevile ila mbaya zaidi, kwa sababu humo hakuna mafuta ya kina kirefu yaliyotunza joto, kuna chuma tu na moto ulioko chini yake.

Na maji yakiwa hayajaondoka, huwezi kupata kile kingine. Kule kugeuka rangi ya kahawia na kunukia, kama ganda la mkate au ukoko wa wali, kunaitwa mmenyuko wa Maillard, kwa jina la mkemia Mfaransa aliyeueleza mwaka 1912, na unakwenda kasi kuanzia kama nyuzi 140 hivi. Tambi iliyokaa kwenye dimbwi la mvuke wa nyuzi 100 haifiki huko hata ukiipika nusu saa, itavunjika tu iwe uji.

Ndio maana anapika sahani moja. Moto wake, uwe wa mkaa au wa gesi, una uwezo wa kukausha maji ya sahani moja kwa haraka na bado chuma kikabaki na joto la kuunguza kidogo. Kwenye mahoteli makubwa ya Kichina kuna majiko yanayonguruma kama injini, yanayotoa zaidi ya mara 10 ya joto la jiko la gesi la nyumbani, hao wanaweza kupika nyingi kidogo. Mzee wa mtaani mwenye ndoo ya mkaa na feni hana huo moto, ana subira. Ukubwa wa karai haukumaanisha awe na nafasi ya kujaza chakula, ulikua kwa ajili ya chuma kitupu kinachoendelea kupata moto pembeni wakati tambi zimesogezwa upande mwingine, alafu anazirudisha pale palipopata moto. Niliposimama karibu nikaona ndivyo anavyofanya muda wote, anahamisha, anatandaza, anahamisha.

Sasa ule moshi. Tambi zenye unyevu na mafuta zikigusa chuma kikali sana, maji yanalipuka kuwa mvuke na kurusha vitone vidogo mno vya mafuta hewani. Vitone vikipita ukingoni mwa karai ambako ndimi za moto zinapanda, vinawaka. Utaona mwali unaruka ndani ya karai kwa sekunde moja alafu unazima. Ile masizi kidogo na yale mafuta yaliyoungua nusu yanarudi kwenye tambi, ni nyama choma iliyopinduliwa juu chini. Wapishi waliojaribu nyumbani kupitisha mwali wa gesi wa mkononi juu ya tambi wakati wanakaanga walipata harufu inayokaribia sana hiyo, bila kipande cha mkaa popote.

Kinachozuia chakula kisiungue chote ni mwendo. Watafiti wawili wa chuo kikuu cha Georgia Tech cha Marekani, Hungtang Ko na David Hu, walichapisha mwaka 2020 vipimo vya wapishi 5 wa wali wa kukaanga waliowarekodi video Taiwan na China, wakakuta mpishi anarusha karai kila theluthi moja ya sekunde hivi, anasukuma na kuinamisha kwa wakati mmoja, juu ya moto unaoweza kufika nyuzi 1,200. Ukitaka kuuelewa huo mwendo muangalie bibi anayepeta mchele kwenye ungo. Ni uleule, sukuma, inamisha, vuta, na mchele unarudi kwa mpangilio. Tofauti ni kwamba bibi anataka upepo uchukue makapi, huyu anataka chakula kipoe kidogo hewani kabla hakijarudi kwenye chuma, kama andazi lililotoka sasa hivi kwenye mafuta unavyolirusha kiganja hiki na hiki ili usiungue ila usiliachie.

Hapa niweke breki. Vipimo vile vilikua vya wali, sio koay teow, na wapishi wa Penang niliowaona hawalinyanyui sana karai, linakaa jikoni na wao wanafukua kwa mwiko bapa wa chuma. Kazi ni ileile ya kukitoa chakula kwenye chuma kabla hakijaungua, ila sio haki kuchukua namba za wale nikawapachika hawa. Na mkaa nao nisiudhulumu, unatoa joto kavu linalokumbatia tumbo la karai lote. Kazi yake ni joto. Kuhusu watu wanaosema wanaonja tofauti ya mkaa na gesi, hoja hiyo imesimama zaidi kwenye masimulizi kuliko vipimo.

Karai lenyewe pia lina mchango, ule weusi wake ni mafuta ya miaka yaliyogandamana kwenye chuma, kama chuma cha chapati ambacho mama hataki kabisa mtu akisugue kwa steelwire.

Sahani yetu ya kwanza ilikuja juu ya jani la mgomba na muongozaji hakutupa nafasi ya kupiga picha zaidi ya moja. Harufu hiyo ni ya kemikali nyepesi zinazopaa haraka, ukiiacha dakika kadhaa imekwenda, na ukifungiwa ya kubeba kwenye karatasi ule mvuke unaolowesha tambi ni yale maji ambayo mzee amepambana nayo muda wote. Tukala watu 8 sahani moja tumesimama, vijiti vinagongana. Ilipokwisha tu, mzee akamimina ya pili.