Je, wajua kwa nini Stevie Wonder wa 1972 hasikiki kama yule wa 1970?

Sikiliza "Signed, Sealed, Delivered" ya 1970, halafu uweke "Superstition" ya 1972. Mwimbaji ni yuleyule na lebo, yaani kampuni ya kurekodi muziki, ni ileile, Motown ya Detroit. Lakini wimbo wa kwanza ni bendi nzima iliyojazana studio, na wa pili unafunguka kwa dramu tupu, kisha kinaingia kinanda kinachokwaruza utadhani gitaa. Miaka miwili tu imepita. Hapo katikati kulitokea nini?

Kwanza, alitimiza umri. Stevie alizaliwa tarehe 13 Mei 1950 huko Saginaw, Michigan, na Motown ikamsajili mwaka 1961 akiwa na miaka 11. Mwenye lebo, Berry Gordy, aliwahi kufanya kazi kwenye kiwanda cha magari, na muziki nao aliuendesha vivyo hivyo: watunzi wa kampuni, wapigaji wa kampuni, na kikao cha kuamua wimbo gani utoke. Kufikia 1970 Stevie alikuwa ameanza kusimamia baadhi ya rekodi zake, ila neno la mwisho halikuwa lake. Mei 1971 akafikisha miaka 21 na mkataba wa utotoni ukafika mwisho. Hakuharakisha kusaini mwingine. Alikwenda New York, akarekodi kwa fedha zake mwenyewe, na aliporudi mezani na Motown alikuwa tayari ana nyimbo mkononi. Akapata uhuru wa kurekodi atakavyo, pamoja na haki za tungo zake.

Uhuru pekee, hata hivyo, haubadilishi mlio. Kilichobadilisha mlio kilikuwa mtambo ulioitwa TONTO, sintesaiza (mashine inayounda sauti kwa umeme) ya ukubwa wa chumba, iliyounganishwa na Malcolm Cecil na Robert Margouleff. Stevie alisikia albamu waliyoitengeneza kwa mtambo huo akawafuata studio. Yeye akibonyeza vinanda, wao wakizungusha vitufe na kuchomeka nyaya mpaka sauti aliyoitaka ipatikane. Sasa besi haikuhitaji mpigaji wa besi. Akapiga dramu mwenyewe, akaweka besi juu yake, kisha vinanda, kisha sauti, tabaka juu ya tabaka. Albamu ya *Music of My Mind* ya 1972 karibu yote ni yeye peke yake. Na katika "Living for the City" ya mwaka uliofuata, kila ala ni mkono wake.

Kile kinanda cha "Superstition" ni klavineti. Ndani yake mna nyuzi za kweli, na ukibonyeza kitufe uzi hugongwa na mlio wake kunaswa kwa umeme, ndiyo maana unasikia gitaa. Mimi lakini hunivutia zaidi dramu za wimbo huo: ile sahani ya chuma ya dramu, hi-hat, hairudii mchezo uleule kila mara. Mpiga dramu wa kukodiwa angeambiwa anyooshe. Hapa, nani angemwambia?

Mashairi nayo yakapanuka. Albamu ya *Innervisions* ilitoka mwanzoni mwa Agosti 1973 ikizungumzia ubaguzi, dawa za kulevya na imani. Siku tatu baadaye alipata ajali ya gari North Carolina, akapoteza fahamu kwa siku kadhaa. Wengi hudhani ajali ndiyo iliyomfanya aimbe habari za kupewa nafasi ya pili katika "Higher Ground". Sivyo, wimbo ulikuwa umekwisha kurekodiwa.

*Innervisions* ilishinda tuzo ya muziki ya Grammy ya albamu ya mwaka, na albamu yake ya 1974 ikashinda pia. Mwaka 1976 tuzo hiyo ilikwenda kwa mwimbaji Paul Simon, ambaye jukwaani alimshukuru Stevie kwa kutotoa albamu mwaka uliotangulia.

Kisha ikaja *Songs in the Key of Life*, Septemba 1976, na cha ajabu ni kwamba mtu aliyejifungia peke yake aliwafungulia mlango wanamuziki chungu nzima. Sehemu ya wimbo mmoja humo aliimba kwa Kizulu, na neno lake la kwanza ni "Ngiculela". Msomaji wa Kiswahili hahitaji kamusi sana: *ngi-* ni *ni-* yetu, na *-ela* ya mwishoni ni ile ile ya kutendea. Ninaimbia.