Taharuki ni nini? Simu isiyo na jina na kifo kisicho na jibu

Ukifungua redio ya Kiswahili asubuhi utaisikia taharuki kabla chai haijapoa: taharuki yatanda sokoni, wakazi wakumbwa na taharuki, maiti imeokotwa bondeni. Ukiingia darasa la fasihi utaikuta tena, safari hii imepigwa pasi: taharuki ni mbinu ya mwandishi ya kumfanya msomaji awe na hamu ya kujua kitakachofuata. Wanafunzi huiandika hivyo kwenye mtihani na kupata alama zao. Mimi naona ufafanuzi huo umeacha nusu ya neno nje, na nusu hiyo ndiyo inayofanya vitabu vya vifo, vya simu za watu wasiojitaja na vya mauaji yasiyopata mwenyewe vimshike mtu mpaka taa iishe mafuta.

Neno limetoka Kiarabu, taharraka, yaani kusogea, kutikisika. Kwa Kiswahili mtu aliyetaharuki hakuketi akingoja kwa hamu. Ametikiswa, moyo unamwenda mbio, hajui akimbie au asimame. Hamu ni ya mtu anayesubiri pilau ipakuliwe. Taharuki ni ya mtu aliyesikia hatua uani saa nane za usiku, naye anakumbuka vizuri kwamba lango alilifunga kwa mkono wake. Kwa hiyo ningesema hivi: taharuki ni hali ya msomaji aliyepewa habari za kutosha kuogopa, akanyimwa habari za kutosha kutulia.

Watu huichanganya na mshtuko. Chukua mama mmoja anayerudi kutoka soko la Owino jioni. Akifungua mlango akamkuta kaka yake amelala sakafuni hana uhai, huo ni mshtuko, na unaisha kwa sentensi moja. Sasa geuza mpangilio. Kwanza tuoneshwe sisi maji yanayotoka chini ya mlango, yana wekundu kidogo pembeni. Kisha mama afike, aweke kikapu chini, aanze kutafuta ufunguo katikati ya nyanya. Ufunguo umezama. Jirani anatokea, anamsalimu, anamuuliza matoke leo bei gani, na mama, kwa kuwa kalelewa vizuri, anageuka kumjibu huku unyayo wake umesimama ndani ya yale maji. Tunatamani jirani anyamaze. Tunatamani pia asinyamaze, maana akinyamaza mlango utafunguliwa. Hapo umetaharuki, na hakuna mtu aliyepiga kelele.

Huichanganya pia na fumbo. Fumbo ni swali lililofichiwa jibu, na linaweza kukaa bila taharuki hata chembe, kama kitendawili. Riwaya za Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar zina fumbo zaidi. Katika Mzimu wa Watu wa Kale, iliyotoka mwaka 1960, maiti yakutwa mzimuni, na Bwana Msa, mtu wa kiko na hoja, hakubali maneno ya mizimu. Anamtafuta binadamu aliyeua. Unapomsoma unakuna kichwa pamoja naye. Ni raha kubwa, lakini ni raha ya ubongo, moyo wako unabaki salama.

Miaka mitano baadaye, 1965, Faraji Katalambulla alitoa Simu ya Kifo. Nataka nisimame kwenye jina tu, kwa sababu taharuki imeshaanza jaladani. Kiunganishi kile kidogo, “ya”, kimebeba mambo mengi. Je, ni simu inayoleta habari za kifo? Ni simu inayosababisha kifo, kwamba ukiipokea umekwisha? Au kifo chenyewe ndicho kilichopiga? Kiswahili hakilazimishi uchague. Na neno simu enzi hizo lilikuwa na uzito mwingine. Asili yake ni Kiajemi, maana yake waya, na wazee walilitumia kwa telegramu pia: mtu alikwenda posta “kupiga simu”, karatasi ikamfikia ndugu kijijini. Mara nyingi karatasi ile ilikuwa ya msiba, kwani nani angelipia kila neno kwa ajili ya salamu? Mzee aliyeliona jina lile kwenye kitabu mwaka 1965 hakuhitaji kufafanuliwa. Alikwisha kumwona tarishi akishuka baiskeli, na mama wa nyumba akianza kulia kabla bahasha haijafunguliwa.

Hapa ndipo ninapotaka kuisifu lugha yetu, kwa sababu sarufi ya Kiswahili imeumbwa kama vile kwa kazi hii. Soma maneno haya matatu:

Alipiga. Hakusema. Akakata.

Nani? Ni mwanamume au mwanamke? Hujui, na mwandishi hakukudanganya wala hakukwepa. Kiambishi “a” hakina jinsia. Mwenzetu anayeandika kwa Kiingereza analazimika tangu mstari wa kwanza kuamua kama mpigaji ni wa kike au wa kiume, au ahangaike kuzunguka kila sentensi mpaka msomaji mwerevu ashtukie. Sisi tunaweza kumtembeza muuaji kurasa mia mbili, anakula, anapanda taksi ya Jinja, anamsalimu mjane msibani, bila msomaji kujua kama amtafute kati ya akina mama au akina baba.

Kisha kuna chaguo la ngeli. “Aliyemuua” amekwisha kutuambia ni mtu, mmoja. “Waliomuua” wametuletea kundi. “Kilichomuua” kimefungua mlango wote: ugonjwa, sumu, panga, chuki, jini. Mwandishi anayeanza na “kilichomuua” na kuhamia kwenye “aliyemuua” ukurasa wa sitini ametusogeza hatua kubwa kwa silabi chache tu. Na kauli ya kutendewa nayo ina kazi yake. “Marehemu alipigiwa simu saa nne usiku.” Aliyepigiwa yupo. Aliyepiga hayupo popote katika sentensi, na sarufi imeridhika kabisa.

Lakini kiambishi ninachokiogopa kuliko vyote ni “ja”. Tofauti ya “muuaji hakupatikana” na “muuaji hajapatikana” ni tofauti ya jalada lililofungwa na mlango ulioachwa wazi usiku. “Hakupatikana”: walimtafuta, wakashindwa, wakaenda nyumbani. “Hajapatikana”: bado yupo. Huenda amepanga chumba cha pili kutoka kwako. Kama taharuki ingekuwa na wakati wake katika sarufi, ungekuwa huo.

Kuna riwaya ya London inayoonesha jinsi jambo hili linavyoweza kufikishwa mbali. Memento Mori ya Muriel Spark ilitoka mwaka 1959. Wazee wanapigiwa simu na mtu asiyejitaja, anawaambia jambo moja tu: kumbuka kwamba huna budi kufa. Polisi wanaingia, watu wanashukiana, wosia zinabadilishwa. Na kila anayepokea simu ana maelezo yake kuhusu sauti ile. Huyu anasema ilikuwa hivi, yule anasema vile, hazifanani. Kitabu kinaisha na mpigaji hajulikani. Nilipokisoma mara ya kwanza nilikasirika, nikaona nimeibiwa. Niliporudia nikaona kwamba swali la nani lilikuwa limekufa zamani, nami sikugundua. Nilichokuwa nangoja ni kuona kila mzee atalijibuje lile neno: mmoja kwa hasira, mwingine kwa polisi, mwingine kwa kutulia tu, kana kwamba ameambiwa mvua itanyesha. Hiyo pia ni taharuki, nayo haihitaji kutatuliwa.

Kwa msomaji wa Uganda kuna jambo jingine, na vitabu vya shule havilitaji. Sisi wa Busia, mpakani na Kenya, tulikikuta Kiswahili sokoni, lugha ya kupunguziana bei na ya vijana wa bodaboda. Lakini Waganda wengi kiliwafikia kwanza kama lugha ya kambi na ya kituo cha polisi. Mwanzoni mwa miaka ya 1980, askari walipozingira mitaa ya Kampala, amri ilikuwa maneno mawili: panda gari. Operesheni zile zikabaki na jina hilo, na mpaka leo mtu mzima asiyejua Kiswahili kingine hulijua hilo. Basi fikiria hadithi ambayo familia inazungumza Kiluganda ndani, wanagombania rimoti, kisha nje sauti moja inasema kwa Kiswahili, “Fungua.” Mwandishi hana haja ya kuongeza kwamba sauti ilikuwa ya kutisha. Lugha imebadilika, msomaji wa umri fulani ametaharuki. Mwaka 2022 baraza la mawaziri lilipitisha Kiswahili kifundishwe kama somo la lazima, nami nafurahi kuwaza kwamba watakuja wasomaji watakaolisikia lile “fungua” kama neno la kawaida la mgeni mlangoni.

Na kuna vifo ambavyo havikuandikwa na mtunzi. Tarehe 21 Septemba 1972 watu wenye silaha walimchukua Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka kutoka ofisini kwake, Mahakama Kuu, Kampala. Alikuwa amewahi kuwa Waziri Mkuu miezi michache kabla ya uhuru. Mwaka 1974 Idi Amin mwenyewe aliunda tume chini ya Jaji Mohamed Saied kuchunguza watu waliopotea. Mwaka 1986 ikaundwa nyingine chini ya Jaji Arthur Oder. Zaidi ya miaka 50 imepita na mwili wake haujapatikana. Tazama tena kiambishi kile. Katika riwaya, “ja” ni fimbo ya mwandishi ya kutuchapia ukurasa unaofuata. Katika nyumba ya aliyepotea, “ja” ndiyo hali ya maisha: hakuna kaburi la kupalilia, hakuna tarehe ya kusomea dua au misa, na hakuna ukurasa wa kugeuza.

Ndiyo maana nashikilia kwamba nusu ile ya redio na nusu ile ya darasani zisitenganishwe. Mwaka 2017, wanawake zaidi ya 20 walipouawa mmoja baada ya mwingine Nansana na maeneo ya Entebbe, magazeti yaliandika taharuki, na neno halikuwa mbinu ya mtu yeyote. Anayetaka kutunga kitabu kutokana na kifo kama hicho aijue tofauti. Anaweza kuandika hofu ya mtaa, mlango unaofungwa saa kumi na mbili jioni, simu ambayo binti anaishika mkononi njia nzima. Asije akabuni muuaji wa uongo kwa maiti ya kweli, ili mimi msomaji nilale vizuri.

Kiufundi, mpigaji asiyejulikana amekuwa kazi ngumu kumtunga siku hizi. Zamani simu ya mezani ililia tu. Leo namba inaonekana kwenye kioo, na tangu mwaka 2012 laini Uganda husajiliwa kwa jina la mtu. Mtunzi lazima atafute njia: laini ya marehemu, simu ya wizi, simu iliyoazimwa kwa mpita njia. Wasomaji hugundua haraka asipojisumbua.

Ila namba kuonekana si kumjua mpigaji. Baba mdogo alifariki Busia, kwa maradhi, nyumbani, hapakuwa na la kushuku. Aliacha simu ndogo ya vitufe, na mama mdogo akawa anaichaji, kwa sababu baba mdogo alikuwa mtu wa mahindi na samaki, na mtu wa namna hiyo hafi bila kudai na kudaiwa. Ijumaa ya kwanza baada ya arobaini, saa kumi na mbili jioni, ikalia. Namba ngeni, ya kuanzia +254, ng'ambo ya pili ya barabara kwa kweli, lakini nchi nyingine. Tukapokea. Tukasikia malori, na mtu asiyesema. Akakata. Tulipopiga tukaambiwa haipatikani. Ijumaa iliyofuata, saa ileile. Na iliyofuata.

Mara ya tano tulikuwa watu wazima sita tumezunguka meza tunaitazama simu kama inayotaka kusema yenyewe. Mama mdogo akaichukua. Hakusema halo.

“Mwenyewe tumeshamzika,” alisema. “Kama ni deni letu, tuambie. Kama ni deni lako, tumekusamehe.”

Malori yalipita. Mtu yule alivuta pumzi, tukaisikia sote, na laini ikabaki wazi muda mrefu kuliko siku zote. Kisha ikakatika.

Ijumaa iliyopita nilikuwa huko. Kabla ya magharibi mama mdogo aliichomeka ile simu kwenye umeme, akaiweka mezani, kioo juu, akaenda kutawadha. Hajapiga.