Michael Apted: yanayosemwa na yaliyo kweli

Mshika mawili moja humponyoka, na wengi humpima Michael Apted kwa methali hiyo. Mwongozaji huyu Mwingereza wa filamu na televisheni (1941–2021) aliongoza vipindi vya tamthilia ya televisheni Coronation Street, filamu ya kisa cha mwimbaji wa muziki wa kantri, ya James Bond, hata ya Narnia. Basi wanasema hakuwa na fani aliyoimudu.

Tuanze na kosa linalorudiwa mno, kwamba ndiye aliyeongoza Seven Up!, kipindi cha kampuni ya televisheni ya Uingereza Granada cha 1964 kilichowahoji watoto 14 wa miaka saba. Aliyekiongoza ni Mkanada Paul Almond. Apted alikuwa mtafiti tu, katoka Cambridge juzijuzi, kazi yake kusaka watoto wa kuhojiwa. Wala hakukuwa na mpango wa kuwarudia kila baada ya miaka saba. Kipindi kilikusudiwa kurushwa mara moja, basi. Wazo la kurudi lilikuja baadaye, na kuanzia 1970 Apted akashika usukani mpaka 63 Up ya 2019.

Wapo pia wanaoamini mfululizo huo ulithibitisha kuwa mtoto wa miaka saba keshaandikiwa maisha yake. Mtazame yule kijana wa East End, mtaa wa London, aliyeota kuwa mpanda farasi wa mashindano. Alipofika 21, Apted aliamini ataishia jela, akamtaka azunguke na gari kwenye vijiwe vya uhalifu ili picha hizo ziwekwe akiba. Kijana akawa dereva wa teksi, akalea familia. Apted mwenyewe alikiri kuwa alimhukumu vibaya. Alijutia pia kwamba kati ya wale 14, wasichana walikuwa wanne tu, na kwa maoni yangu ndiyo sababu filamu zake bora zina mwanamke katikati. Hata kwenye The World Is Not Enough (1999), adui mkubwa wa Bond ni mwanamke.

Je, sokwe wa filamu yake Gorillas in the Mist (1988) ni watu waliovaa mavazi? Wachache ndiyo, mavazi yakiwa ya fundi Rick Baker. Lakini Sigourney Weaver, aliyeigiza mtafiti wa sokwe Dian Fossey, alikaa kweli karibu na sokwe wa mwituni katika milima ya Virunga, Rwanda, na picha hizo zimo ndani ya filamu. Fossey alikuwa ameuawa huko huko Desemba 1985.

Kuhusu Oscar, mwigizaji Sissy Spacek alishinda kwa Coal Miner's Daughter (1980), kile kisa cha mwimbaji wa kantri, tena nyimbo aliziimba mwenyewe. Apted hakuwahi hata kuteuliwa kuwa mwongozaji bora.

Na hao wasemao aliitupa televisheni alipokuwa mkubwa? Mwaka 2005, akiwa rais wa chama cha waongozaji wa Marekani, aliongoza vipindi vya kwanza vya tamthilia ya televisheni Rome, na mwaka huo huo akatoa 49 Up.