Kamba ya Ingemar Lindh

Darasa langu la mwendo huanza na kamba ambayo haipo. Mwanafunzi anaivuta. Wengi hukaza mikono na kukunja uso, na mtazamaji haoni uzito wowote. Namwambia asahau mikono, aanzie kiunoni: kiuno kirudi nyuma, mguu wa nyuma upokee uzito, mikono ije mwisho. Hapo kamba inaonekana.

Zoezi hilo ni la ukoo wa Étienne Decroux, aliyefundisha maigizo bubu nyumbani kwake Boulogne-Billancourt, jirani na Paris. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alipita mikononi mwake kijana kutoka Uswidi, Ingemar Lindh, aliyezaliwa 1945. Kwa Decroux kila kiungo kina zamu yake: kichwa, shingo, kifua, kiuno, nyonga. Hakuna kubahatisha.

Ndiyo maana alichokifanya Lindh baadaye huwashangaza wanafunzi wangu. Mwaka 1971 alianzisha Institutet för Scenkonst (Taasisi ya Sanaa ya Jukwaani) kule Storhögen, Uswidi, na kadiri utafiti wake ulivyosonga, akawavua waigizaji ule mpangilio wa hatua uliokaririwa. Habari za "hapa unageuka, pale unasimama" zikaisha. Kinachoonekana jukwaani kinazaliwa pale pale, baina yao.

Usifikirie vile vichekesho ambapo mtu wa ukumbini anarusha neno na mwigizaji analidaka. Nidhamu ilibaki, ila ilihama kutoka kwenye umbo ikaenda kwenye nia na kusikilizana. Mwenzako akivuta pumzi, unajua uzito wake umehamia mguu upi. Ukiwa umeshapanga utakachofanya, hutausikia.

Mwaka 1984 Lindh na wenzake wa taasisi wakahamia Pontremoli, Italia. Miaka yake ya mwisho Lindh alifanya kazi pia Malta, na huko ndiko alikofia 1997. Kwa mtu aliyetumia miaka yote hiyo kumwandaa mwigizaji kuliko kuandaa onesho, picha na rekodi hazisemi mengi (nami nimezikodolea macho vya kutosha).

Nilipojaribu njia yake mara ya kwanza, wanafunzi walitawanyika jukwaani kama kuku waliofunguliwa bandani. Kosa lilikuwa langu: nilifuta mpangilio kabla miili haijaiva, nikasahau kwamba Lindh mwenyewe alikuwa na Decroux mifupani. Siku hizi tunavuta kamba muhula mzima kwanza.