Wasikizi: viumbe wangu wanaoishi ndani ya ngoma

Wengi mmeniuliza hawa Wasikizi wa mchezo wangu wa redio ni nini hasa, ni majini, ni mizimu, au ni nini, na kwa vile mimi ni fundi sauti hapa Kampala wacha niwaeleze kifundi. Msikizi ni kiumbe niliyembuni mwenyewe, anakaa ndani ya ngoma, hana macho, anachojua ni kusikia na kurudia. Kwenye mchezo anaitwa kutoa ushahidi wa kesi mbele ya wazee, na ukimwita hawezi kukwambia "siku ile kulikuwa na vita". Anakutolea siku yenyewe, mlango unagongwa, mtoto anakohoa, mvua juu ya mabati, halafu wewe ndo uamue kilichotokea. Shahidi mwenye mdomo anachagua maneno. Msikizi hachagui.

Sikumtoa hewani tu. Kule Buganda, ufalme wa hapa kati ya Uganda, kila ukoo una mubala wake, mdundo uliobeba maneno, na inawezekana kwa sababu Kiganda ni lugha ya toni, basi ngoma inapanda na kushuka na maneno na mwenye lugha anaelewa. Watu wa ukoo wa Ffumbe wana ule wa "Galinnya, galinnya e Bakka", na Bakka ni kilima cha Busiro, makao ya mkuu wao. Yaani ngoma inataja kwao! Kuna na "Saagala agalamidde", sitaki mtu aliyejilaza, ukiusikia unashika jembe unaenda bulungi bwansi, kazi ya kijiji. Na Ankole, ufalme wa magharibi mwa Uganda, kulikuwa na Bagyendanwa, ngoma ya ufalme, ilikuwa na ng'ombe wake na ilipewa maziwa kama mtu. Sasa ngoma ikishamiliki ng'ombe, kusema kuna kiumbe ndani si mbali.

Sheria moja ya Wasikizi niliipata Mpambire, pale barabara ya Masaka wanapotengeneza ngoma. Nilifika asubuhi ya manyunyu na maikrofoni yangu, mzee fundi akanikatalia kurekodi, akasema mwanangu ngoma baridi inasema uongo, akaiegesha karibu na moto akawa anaigonga kwa kidole, anasikiliza, anaigeuza, anagonga tena. Ngozi ikinyonya unyevu inalegea na sauti inashuka, ikipata joto inakaza. Ndo maana kwenye mchezo wangu hakuna kesi inayosikilizwa kabla ya kuwasha moto, na ushahidi uliotolewa wakati wa mvua unarudiwa.

Lakini kilichonichukua muda zaidi ni kimya. Tarehe 24 Mei 1966 jeshi la serikali lilishambulia Lubiri, ikulu ya Mengo, Kabaka Mutesa II, mfalme wa Buganda, akakimbia, mwaka uliofuata falme zikafutwa na wapiga ngoma wa ikulu wakatawanyika, Lubiri ikaja kuwa kambi ya jeshi. Ufalme wa Buganda ulirudi 1993. Ndo maana zile rekodi alizofanya mtafiti wa muziki Klaus Wachsmann akizunguka Uganda 1949 hadi 1952 nazithamini mno, maana zilitangulia yote hayo. Basi Msikizi wangu wa Mengo anaitwa mbele ya wazee, anatoa milio ya bunduki, miguu inakimbia, halafu kimya. Wazee wanadhani amekufa. Hajakufa, anaendelea kutoa ushahidi, ile miaka 27 ngoma za ikulu hazikupigwa na yeye alikuwa humohumo anasikia, na kutopigwa kwenyewe ni jambo lililotokea, kwa nini lirukwe?

Sikutaka kuweka kimya cha kompyuta, kile cha sifuri kabisa, kwa sababu kile hakuna aliyekisikia. Nilitia maikrofoni ndogo ndani ya ngoma kabla haijawambwa ngozi ya pili, ikafungwa nayo humo, usiku nikaiacha chumbani inarekodi. Kusikiliza kesho yake, kumbe ngozi haitulii, bodaboda ikipita barabarani inatetemeka, mbwa akibweka mbali inajibu kidogo, chini sana. Nimeweka sekunde 40 za hiyo, bila muziki. Prodyuza aliomba nikate zibaki 10, nimekataa.